Mwalimu Anastaafu: Shairi Lipi la Kiarmenia Tumsomee?

Niliwahi kuliharibu shairi zuri mbele ya watu. Ilikuwa sherehe ya kumuaga mwalimu wetu wa zamani, viti vya plastiki vimepangwa chini ya turubai, harufu ya pilau imeshatangulia, nami nimepewa dakika tano kabla ya chakula. Nikamchagua Hovhannes Tumanyan, ambaye kwao humwita mshairi wa Waarmenia wote. Nilipofika kwenye mshororo wa mwisho, ule ambao watoto wa shule kule Yerevan wanaujua kwa ghibu, nikapunguza sauti ili uwaingie vizuri: "Ishini, wanangu, ila msiishi kama sisi."

Kimya. Kisha mzee mmoja wa safu ya mbele, naye mwalimu mstaafu, akauliza kwa sauti iliyofika hadi kwenye masufuria: "Kwani sisi tumeishi vibaya?"

Watu wakaangua kicheko, na shairi likafia hapo hapo.

Tumanyan hakuwa na kosa. Ni mimi niliyepeleka kilio kwenye karamu, nikamwambia mtu aliyemeza vumbi la chaki miaka yote ile kwamba asiigwe. Tangu siku hiyo, mtu akiniuliza achague tungo ipi ya Kiarmenia kuhusu mwalimu, swali langu la kwanza ni la mahali: utaisoma wapi, na nani atakuwa amekaa mbele? Ya kughani Siku ya Walimu tarehe 5 Oktoba haifanani na ya kuandika ndani ya kadi, na hizo mbili hazifanani na ya kusoma mwenyewe usiku taa ikiwa karibu.

Nitaweka mezani tano: "Baraka ya Kale" ya Tumanyan, "Mesrop Mtakatifu" ya Siamanto, "Kufunga Hesabu" ya Vahan Tekeyan, "Neno kwa Mwanangu" ya Silva Kaputikyan, na "Mnara wa Kengele Usionyamaza" wa Paruyr Sevak. Majina hayo ya Kiswahili ni yangu. Na ili usisome hadi chini ukitafuta hukumu: kwa hadhara, mchukue Kaputikyan. Kwa kadi, Tekeyan, na simwoni wa kumkaribia. Sevak ni wa kusoma peke yako, tena usianze naye. Tumanyan ndiye ninayempenda kuliko wote, na ndiye nisiyemsoma tena kwenye sherehe. Siamanto atahitaji maelezo.

Taifa lililomtawaza mwalimu wa herufi

Kwanza, kwa nini Waarmenia? Kwa sababu mmoja wa watakatifu wao wakubwa alikuwa mtu wa kufundisha watu kusoma. Mesrop Mashtots, mtawa kutoka kijiji cha Hatsekats, aliunda herufi 36 za Kiarmenia karibu mwaka 405, akiungwa mkono na mfalme Vramshapuh na mkuu wa kanisa, Sahak. Herufi ya kwanza ndiyo inayoanza neno la Kiarmenia la Mungu, na ya mwisho kati ya zile 36 ndiyo inayoanza jina la Kristo. Waarmenia hupenda kukuonyesha hilo. Sentensi ya kwanza waliyoitafsiri, yeye na wanafunzi wake, ilitoka kitabu cha Mithali, na msomaji wa Biblia ya Kiswahili anaijua: "Kujua hekima na adabu, kutambua maneno ya ufahamu." Mashtots alifariki mwaka 440, akazikwa Oshakan. Mwanafunzi wake Koriun akaandika maisha yake. Kwa hiyo miongoni mwa maandishi ya mwanzo kabisa ya lugha hiyo ni kitabu cha mwanafunzi akimsifu mwalimu wake.

Mambo hayo hayakubaki vitabuni. Watoto wa darasa la kwanza wakimaliza kujifunza herufi hufanyiwa sherehe, wakavalishwa, wakaghani beti mbele ya wazazi. Mbele ya Matenadaran, jumba la miswada ya kale mjini Yerevan, Mashtots wa mawe ameketi na mwanafunzi amepiga magoti miguuni pake. Kanisa lina siku yake ya kuwakumbuka watafsiri watakatifu, kila Oktoba. Siku ya watafsiri! Mimi ninayetafsiri mashairi kwa ujira wa chai nimeona nilitaje.

Lakini mtego uko hapo. Ukiomba shairi la Kiarmenia kuhusu mwalimu, utaletewa Mashtots, kisha Mashtots mwingine, kisha Mashtots tena. Mwalimu wa kawaida, mwenye rundo la madaftari ya kusahihisha na koo lililokauka, hutamwona kirahisi. Si kwamba hayupo. Yupo kwenye kiti cha mtunzi. Smbat Shahaziz alifundisha miaka mingi katika Taasisi ya Lazarev kule Moscow. Rafayel Patkanian alifungua shule ya ufundi kwa watoto maskini. Daniel Varoujan alikuwa mwalimu mkuu wa shule Constantinople, Istanbul ya leo, mpaka alipokamatwa Aprili 1915, watawala wa Uturuki walipoanza kuwaangamiza Waarmenia. Aliuawa Agosti mwaka huo, na diwani yake ya mashairi ya mkate, kuanzia mbegu hadi tanuri, ikatoka mwaka 1921 yeye hayupo. Ndani yake mna dua ya kubariki pande nne za dunia, inayoomba amani upande wa mashariki, na kwamba katika mshipa mpana wa mtaro wa jembe itiririke jasho, isitiririke damu. Haina neno "mwalimu" hata mara moja. Mtu akisimama kuisoma gwaride la asubuhi, akaanza kwa kusema aliyeitunga alikuwa mwalimu mkuu na yaliyompata, wanafunzi watanyamaza wenyewe.

Na maneno yao ya kumwita mwalimu, kabla hatujafika kwa watunzi: *usutsich* ndilo la kawaida, *dasatu* maana yake mtoa somo, *varzhapet* ni la zamani lenye harufu ya fimbo na shule ya kijiji. *Vardapet* ni mtawa msomi, mwenye ruhusa ya kufundisha. Kutokana na hilo la mwisho, ulimi wa watu ukazaa *varpet*, yaani fundi, bingwa wa kazi yake. Sisi tunaosema fundi, kufunda, kufundisha, mwanafunzi, hatuhitaji kuelezwa zaidi. Mshairi Avetik Isahakyan mpaka leo anaitwa Varpet tu, na kila mtu anajua ni nani, kama vile Tanzania ukisema Mwalimu bila jina hakuna anayeuliza mwalimu yupi.

Siamanto na Sevak: sifa kwa mtakatifu

Hawa wawili nawaweka pamoja kwa sababu wote wanamwinua mwalimu juu ya kichwa cha mtu wa kawaida. Wanatofautiana kwa namna ya kumshusha.

Siamanto hakuzaliwa na jina hilo. Aliitwa Atom Yarjanian, mtoto wa mji wa Akn, na alipokuwa shuleni mkuu wa shule, Garegin Srvandztiants, akaona kipaji chake akampa jina la shujaa wa hadithi yake mwenyewe. Alilibeba hadi kaburini. Ukitaka kisa cha mwalimu na mwanafunzi katika ushairi wa Kiarmenia, kisa chenyewe ndicho hicho, na kwangu kinanishika kuliko shairi alilotunga.

Shairi lenyewe, "Mesrop Mtakatifu", lilitoka mwaka 1913. Waarmenia walikuwa wakisherehekea miaka 1,500 ya herufi zao na 400 ya uchapaji, maana kitabu chao cha kwanza kilipigwa chapa Venice mwaka 1512. Ni utenzi wa sherehe kwa kila hali. Siamanto anaandika mishororo mirefu isiyojali kuhesabu, inayopanda kama mhubiri aliyesahau saa. Msomaji aliyelelewa na tarbia, mwenye kusubiri kina cha kati kama abiria anayesubiri kituo, atahangaika. Ukilighani unahitaji kifua, na hadhira iliyoshiba. Miaka miwili baadaye mtunzi naye alikamatwa pamoja na wasomi wenzake wa Constantinople, akauawa. Ukijua hilo, zile fahari zote za 1913 zinasomeka kwa uchungu ambao yeye mwenyewe hakuutia. Bado sikushauri uanze naye. Sifa isiyopumzika humchosha hata anayesifiwa.

Sevak ni kazi nyingine. Naye alimtungia Mashtots, katika miaka ya 1960, shairi linaloanza kwa namna ya maandiko: "Na mtu mmoja, jina lake Mashtots." Ila kazi yake kubwa kuhusu mwalimu ni ule "Mnara wa Kengele" wa 1959, juu ya mwanamuziki Komitas, nao ni kitabu kizima. Sura zake huziita milio ya kengele.

Komitas alizaliwa mwaka 1869 kule Kütahya, akiitwa Soghomon. Alikuwa yatima, msemaji wa Kituruki. Mwaka 1881 alipelekwa Etchmiadzin, makao makuu ya kanisa, kwenye seminari iliyotafuta mtoto yatima mwenye sauti. Inasimuliwa kwamba mkuu wa kanisa alichukizwa kuona mtoto hajui Kiarmenia. Mtoto akajibu kuwa ndiyo maana amekuja, kujifunza, kisha akaimba wimbo wa kanisa ambao maneno yake hakuyaelewa, na mzee akatokwa machozi. Huyo ndiye aliyekuja kuwa vardapet, akasoma Berlin, akarudi kufundisha seminari ile ile, akatembea vijiji akinakili maelfu ya nyimbo za wakulima. Constantinople aliunda kwaya ya waimbaji 300. Alikamatwa usiku ule ule wa Aprili 24, 1915, akarudishwa hai, lakini akili yake haikurudi. Alifariki Ufaransa mwaka 1935, akiwa kimya kwa miaka.

Sasa ona anachofanya Sevak. Anamwambia Komitas: wewe ndiwe Mesrop Mashtots wa wimbo wetu, wewe ni maandishi na herufi za wimbo wa Kiarmenia. Kwa neno moja amemtoa Mashtots kwenye sanamu, akamfanya kazi ambayo mtu mwingine anaweza kuirithi. Mashtots alifundisha taifa kusoma, Komitas akalifundisha kujisikia, na bei aliyolipa imeandikwa mlio kwa mlio. Siamanto anamtazama mwalimu kutoka chini. Sevak anatembea naye tangu utoto, njaa, darasa, kwaya, hadi hospitali ya vichaa. Ndiyo maana nasema ni wa kusoma peke yako. Ukikata beti mbili tatu ukazisoma hadharani unabaki na kelele za kengele bila mnara.

Kijiji alikozaliwa Sevak siku hizi kinaitwa Zangakatun, yaani mnara wa kengele, kutokana na kitabu hicho. Alikufa kwa ajali ya gari mwaka 1971, na umri wake ulikuwa miaka 47. Noti ya sasa ya dramu 1,000 ya Armenia ina sura yake. Ile ya dramu 10,000 ina Komitas. Mshairi amepewa noti ndogo, mwalimu aliyemtungia kubwa. Sijui kama benki kuu ilikusudia, ila nimeipenda.

Tumanyan na Kaputikyan: mkubwa akimwambia mdogo

Hapa hakuna mtakatifu. Kuna mtu mzima na mtoto.

Tumanyan alitoka kijiji cha Dsegh, nchi ya Lori, na shule ya Nersisian kule Tiflis aliiacha mwaka 1887 kwa umaskini, hakumaliza. Leo hakuna darasa la Kiarmenia lisilo na tungo zake. Katika "Baraka ya Kale" wazee wa kijiji wamekaa duara chini ya mti mkubwa wa jozi, wamekunja miguu, wamejipanga kwa umri, wanakula na kunywa. Mbele yao wamesimama watoto watatu wa shule, vichwa wazi, mikono kifuani, wakiwaimbia. Wimbo unapoisha wazee wananyanyua vikombe na kuwabariki: ishini, wanangu, ila msiishi kama sisi.

Neno lililobeba shairi ni *apreq*. Maana yake ni "ishini". Lakini ndilo pia Waarmenia wanalomwambia mtoto aliyefanya vizuri: kasoma somo lake, kajibu swali, kaimba, mkubwa anasema *apres*, hongera, vyema sana, yaani "uishi". Kila mwalimu wa Kiarmenia analitamka mara kadhaa kwa siku bila kulifikiria. Kwa hiyo wazee wanaanza kwa pongezi ya kawaida kabisa, "vyema, watoto", na pongezi ikigeuka katikati ya pumzi inakuwa wosia: ishini, lakini sivyo tulivyoishi. Kiswahili kinaniangusha hapo. Nikiweka "hongera" napoteza maisha, nikiweka "ishini" napoteza pongezi. "Mola awaweke" inakaribia kidogo, ila ikishakaribia inakataa kuungana na "kama sisi". Nimelizunguka neno hili miaka, na siku ile chini ya turubai nililisoma kana kwamba nimelipata.

Halafu shairi linaendelea, na sehemu hii wengi wanaoinukuu huiacha. Wakati unapita, wazee wanapita, nyimbo za furaha za mmoja wa watoto wale, ambaye ndiye msimulizi, zinageuka huzuni, na analia akielewa kwa nini walisema vile. Anawatakia amani babu zake wasio na bahati, kisha anakiri: hata sisi sasa, iwe msibani au kwenye karamu, tukiwabariki watoto wetu tunasema neno lenu lile lile. Somo limefundishwa vizuri kupita kiasi. Mwanafunzi amekuwa mwalimu na anarudia ubao ule ule. Wasomee wanaoanza kazi ya ualimu, chuoni, wenye nguvu ya kubishana nalo. Usimsomee anayeondoka.

Kaputikyan, aliyezaliwa Yerevan mwaka 1919 na kufariki 2006, anasimama upande wa pili wa mti huo. "Neno kwa Mwanangu" ni la mama kwa mtoto aliyeanza kusema. Linaanza majira ya maua: pamoja na maua haya, ndege huyu, kijito hiki, ulimi wa mtoto wangu umefunguka, akatamka kwa kigugumizi neno la lugha yetu. Kisha mama anampa lugha hiyo kama mtu anavyomkabidhi mtoto funguo za nyumba, na mwishoni anamwagiza: popote utakapokwenda chini ya mwezi huu, hata mama yako ukimtoa mawazoni, lugha ya mama usiisahau.

Tazama bahati. Kiarmenia kinaita lugha ya mtu *mayr lezu*, lugha-mama, na ukali wote wa mshororo ule unatokana na kumweka mama kando ili mama mwingine abaki. Kwa Kiswahili hatupotezi chochote, lugha ya mama ni lugha ya mama. Na si hilo tu. Mishororo yake ya mwanzo ina mizani nane nane, na ule ubeti wa kwanza una vina vya aina moja mpaka chini. Mizani nane! Ni kipimo cha tendi zetu, kipimo kile kile ambacho Mwana Kupona alitumia kumwita binti yake asogee karibu na wino na karatasi. Mama mmoja Lamu anamfunda binti, mwingine Yerevan anamfunda mwana karibu miaka mia baadaye, na vidole vyao vinahesabu sawa. Nilijaribu hivi:

*Masika yakiingia,*
*na maua nayo pia,*
*ndege naye akilia,*
*mwanangu akatamka.*

Kijito kimenitoroka, nakiri, na masika ya kwetu yana matope kuliko maua. Lakini lilisomeka, watoto wa darasa la tano wanaweza kuligawana beti, na mwalimu aliyeketi mbele anasikia kazi yake ikitajwa bila kutajwa yeye, maana nani mwingine anamfungua mtoto ulimi? Wakosoaji watasema ni shairi la lugha, si la mwalimu. Ni kweli, na ndiyo sababu linafaa. Mwalimu aliyesifiwa waziwazi dakika tano hajui mikono yake aiweke wapi.

Kasoro yake ni moja: ni shairi la yakini. Halina shaka hata kidogo, na ukilisoma mara ya tatu kwa mwaka linaanza kufanana na bango. Tumanyan huwezi kumchoka hivyo.

Tekeyan, wa mishororo miwili

Vahan Tekeyan alizaliwa Constantinople mwaka 1878. Mwaka 1915 hakuwapo mjini, na hilo ndilo lililomwokoa. Sehemu kubwa ya maisha yake iliyobaki ilikuwa ya ugenini: alihariri gazeti la Kiarmenia mjini Cairo, alifundisha, alihangaikia yatima na wakimbizi wa taifa lake, akafia Cairo mwaka 1945. Shairi lake "Kufunga Hesabu" linaanza kama mfanyabiashara aliyefunga duka jioni na kufungua daftari:

*Kufunga hesabu: nimebakiwa na nini, maishani nimebakiwa na nini?*
*Kile nilichowapa wengine, ajabu, hicho tu.*

Limeanza tu, na mtu angeweza kusimama hapo. Neno "ajabu" ndilo linalonifanya nimwamini. Mtu wa mahubiri angesema "hakika". Huyu amejumlisha mara mbili, hesabu imekataa kutoka alivyotarajia, na anainua uso. Halitaji shule. Lakini fikiria kazi gani nyingine humalizika hivyo, mtu akitoka mikono mitupu na mali yake yote ikitembea mitaani kwa miguu ya watu wengine. Kati ya tungo zote nilizozitaja, hii ndiyo ya mwalimu wa darasani, yule tuliyekuwa tukimtafuta tangu mwanzo.

Kulisoma hadharani halifai. Ni la sauti ya chini, na mtu wa kipaza sauti akikosea swichi umekwisha. Liandike kwa mkono.

Kabla hujatafuta

Jambo moja la kukuokolea muda. Kiarmenia kina matawi mawili ya maandishi, la mashariki na la magharibi, na yanatofautiana zaidi kuliko Kimvita na Kiunguja. Tumanyan, Kaputikyan na Sevak ni wa mashariki, lugha ya Armenia ya leo. Siamanto, Varoujan na Tekeyan ni wa magharibi, lugha ya Waarmenia wa Uturuki wa zamani na waliotawanyika. UNESCO iliiweka mwaka 2010 kwenye orodha ya lugha zilizo hatarini. Ukipata rafiki Mwarmenia wa kukusaidia, muulize kwanza anatoka wapi. Wa Yerevan atamsoma Tekeyan, lakini atakunja uso mara mbili tatu. Na majina hubadilika: Mesrop huwa Mesrob, Komitas huwa Gomidas, Varuzhan huwa Varoujan. Ukitafuta kwa tahajia moja tu utadhani nusu ya mashairi hayapo.

Kuhusu sauti, Kiarmenia hukaza silabi ya mwisho ya neno, sisi ya pili kutoka mwisho. Mshororo wao huisha kwa kishindo, wetu huisha kwa kushuka. Ukitafsiri Tumanyan usijaribu kuiga kishindo hicho. Kitasikika kama mtu anayejikwaa mlangoni. Acha ushuke.

Na ukiwa na watoto wadogo kabisa, wa kuhesabu herufi, kuna mlango mwingine wa kando. Nerses Shnorhali, wa karne ya 12, alitunga wimbo wa asubuhi wenye beti 36, kila ubeti na herufi yake, kwa mpangilio wa Mashtots. Alitunga pia vitendawili kwa beti. Pwani yetu nayo imewahi kutunga kwa kufuata alifu, be, te, kwa hiyo mwalimu wa chekechea mwenye moyo anaweza kuchukua wazo, akaanza na A ya kwao na A ya kwetu siku moja. Sijaona aliyefanya. Mtu akifanya aniite.

Yule mzee wa safu ya mbele sikumsahau. Oktoba iliyofuata nilimtumia kadi, na ndani yake mishororo miwili ya Tekeyan kwa kalamu ya wino, bila maelezo. Baada ya wiki akanipigia simu. Alinishukuru kama wazee wanavyoshukuru, kwa kuuliza habari za kila mtu nyumbani mmoja mmoja. Kisha akafika kwenye jambo lenyewe.

"Huyu mshairi wako," akasema, "naye alikuwa anasubiri mafao?"